Mstari wa Sitini na Moja

Coy Sizemore alifikisha miaka thelathini na tisa bila kushinda kitu. Sisemi mbio za magari tu. Nasema kitu chochote: hata bahati nasibu ya kanisani, hata kuvutana kamba siku ya mavuno. Ng'ombe wa maskini hazai, na Coy alikuwa maskini mwenye ng'ombe tasa.

Injini zake ndizo zilizoshinda. Hilo kila mtu katika Kaunti ya Brannock alilijua, kuanzia kule juu milimani mpaka huku bondeni kwenye viwanda vya nguo. Ukitaka gari lako la kawaida, lile lile unaloendea kanisani na kubebea chakula cha kuku, likimbie kama limeingiwa na pepo, unampelekea Coy. Atalisikiliza kwanza huku kainamisha kichwa, halafu atakufukuza gereji, na kesho kutwa utalikuta limekuwa gari jingine. Lakini ukimwona Coy mwenyewe kashika usukani, basi jua atamaliza wa tatu, au wa tano, au utamkuta kwenye uzio anasukumwa na watu.

"Mikono ya spana hiyo, si ya usukani." Aliyeanzisha maneno haya ni Hurley Pruitt, bwana mmoja mwenye meno mazuri na mdomo usiotulia. Hurley alikuwa ameshinda mara kumi na saba pale uwanja wa Catlett, na mara kumi na mbili kati ya hizo ni kwa injini iliyotoka mikononi mwa Coy. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Sawa, lakini ni nani aliyewahi kumbeba muundaji mabegani? Anayebebwa ni nahodha.

"Coy, ndugu yangu," Hurley alikuwa akisema mbele za watu, huku mkono kamwekea begani, "wewe umezaliwa kulala chini ya gari. Mimi nimezaliwa kukaa juu yake. Kwa nini tumbishie Mungu?"

Watu hucheka. Coy hupangusa mikono kwa kitambaa, husema, "Tutaona," na kurudi chini ya gari. Miaka minane alikuwa akisema "tutaona". Shingo ngumu yule! Angetaka angekaa gerejini akaheshimiwa na kila mtu. Lakini alikuwa amejiapiza kwamba kabla hajazikwa atashinda mbio moja, moja tu, kwa gari aliloliunda na kuliendesha yeye mwenyewe, palepale Catlett, mbele ya watu waliomjua tangu anatembea pekupeku.

Na walimjua kweli. Baba yake, Mzee Garland, alikuwa mpika gongo la mahindi, na Coy ndiye aliyelishusha mjini kwa gari tangu ana miaka kumi na minne, taa zimezimwa, maafisa wa kodi wanamfukuza nyuma. Huko ndiko alikojifunza gari. Huko pia ndiko alikokamatwa, akala miezi kumi na moja ndani. Mzee Garland alipoletewa habari alitema tumbaku, akasema, "Sisi akina Sizemore hatujawahi kuwa wa kwanza popote, labda kwenye kukamatwa." Maneno yale yalimkaa Coy moyoni kama mwiba wa samaki. Alikwenda nayo vitani kutengeneza malori ya jeshi, akarudi nayo.

Alipotoka vitani alimposa Velda, binti wa mchungaji wa Kibaptisti. Velda alikubali kwa sharti moja. "Ukibeba chupa moja tu ya gongo," alimwambia, "utanirudisha kwa baba yangu, na wewe mwenyewe ndiye utakayemweleza kwa nini." Coy hakubeba tena. Velda hakuwa mtu wa kutishia bure, na uongo hakuujua kabisa. Alipata kumwambia mhubiri mgeni, tena mezani, kwamba mahubiri yake yalikuwa na miisho mitatu na angeweza kushuka pale pa kwanza. Mke wa jirani akimwuliza kama keki yake ya pichi ni nzuri, basi ajiandae.

Ndiyo maana Velda alifaa sana kwenye kazi ya kuhesabu.

Catlett ulikuwa uwanja wa udongo mwekundu, nusu maili kuzunguka, uliochongwa kwenye shamba la mahindi la Mzee Womack, ambaye pia ndiye aliyeziendesha mbio. Jumamosi mchana watu walikuja na magari waliyokuwa nayo. Ulilitoa gari nyumbani kwa barabara, ukachora nambari ubavuni kwa rangi ya viatu, ukafunga milango kwa mikanda ya ngozi isije ikafunguka kwenye kona, ukaingia kwa dirishani, ukashindana. Likibaki zima, ulirudi nalo nyumbani. Kwa vumbi lile, magari ishirini na tano yakizunguka mara mia, hakuna binadamu angeweza kujua kwa macho nani yuko mbele na nani kazungukwa. Kwa hiyo wake wa madereva walikaa kwenye mabenchi juu ya lori bovu karibu na mstari wa kumalizia, kila mmoja na kadi na penseli. Gari likipita, unapiga mstari. Likipita tena, mstari mwingine. Kadi ndiyo iliyosema nani mshindi.

Zamani kila mwanamke alimhesabia mumewe. Ikaja siku mbio zikaisha zina washindi sita. Mzee Womack akatupa kofia chini, akasema kuanzia leo mtahesabiana: mke wa huyu amhesabie yule, na mke wa yule amhesabie huyu. Basi Velda akapewa nambari ishirini na mbili, gari la Hurley Pruitt. Odessa, mke wa Hurley, akapewa arobaini na moja, gari la Coy. Wanawake wale wawili walikaa bega kwa bega misimu mitano, wakigawana kuku wa kukaanga na kitambaa cha kujifutia vumbi, na hakuna hata siku moja walipotiliana shaka.

Jumamosi moja ya Agosti Coy alikuja na gari jipya. Jipya kwake, maana lilikuwa na miaka kumi na mbili na lilikuwa limelala kwenye zizi la nyumbu. Alilifanyia kazi miezi mitano, na safari hii injini nzuri hakumpa Hurley. Aliibakiza.

"Naona fundi kaninyima mboga leo," Hurley akasema walipokuwa wanajipanga.

"Mboga ipo," Coy akamjibu. "Utainusa tu, inapita."

Na kweli aliinusa. Kuanzia mzunguko wa kwanza Coy alikuwa mbele, gari linaimba, udongo unaruka. Alifika wa sitini bila mtu kumkaribia. Kwa mara ya kwanza maishani alijua ladha ya kuwa na barabara tupu mbele yake, na alikuwa karibu kulia kwa furaha, mtu mzima na masharubu yake. Halafu tairi la mbele la kulia, lile linalobeba mzigo wote kwenye kona, likapasuka. Gari likaenda moja kwa moja kwenye uzio wa mbao, likavunja vigingi vitatu, likageuka nyuma ikawa mbele, likanyamaza ndani ya vumbi.

Coy alitema udongo. Akajipapasa, akakuta kila kitu kipo. Akawasha, ikawaka. Akajikokota mpaka kwa mafundi, akabadilisha tairi kwa mikono yake kwa sababu aliona wenzake wanazubaa, akarudi. Alikuwa amepoteza mzunguko mmoja. Lakini mzunguko wa themanini Hurley naye akaingia kubadilisha tairi, naye akapoteza mmoja. Wakawa sawa, au hawakuwa sawa, nani anajua? Walimaliza Hurley akiwa mbele kwa urefu wa magari mawili, na wote wawili wakainua mikono.

Mzee Womack akakusanya kadi. Akahesabu, akahesabu tena. Arobaini na moja: mistari mia. Ishirini na mbili: mistari tisini na tisa.

"Coy Sizemore!" akatangaza.

Hurley alikuja juu. "Haiwezekani! Nimemaliza mbele yake, dunia nzima imeona!"

"Umemaliza mbele, lakini umepungukiwa mzunguko. Kadi inasema hivyo."

"Kadi yangu ameandika mke wake!"

Watu wakageukia lori. Kisha Odessa, mke wa Hurley mwenyewe, akasema kutoka juu ya lori, "Hurley, funga mdomo. Velda Sizemore hajawahi kusema uongo, na hawezi kuanza leo kwa ajili ya kikombe cha bati." Hurley akatazama chini.

Walimbeba Coy mabegani, wakamzungusha. Mzee Garland, ambaye sasa alitembea kwa fimbo, alimshika mwanawe uso kwa mikono miwili. Coy hakuona kwamba mkewe alikuwa bado amekaa juu ya lori.

Wakarudi nyumbani kwa gari lile lile, ubavu mmoja umebonyea, Velda kaingizwa kwa dirishani na gauni lake la maua, kombe liko kati ya miguu yake. Coy aliongea njia nzima. Ataliweka kombe juu ya redio. La, ataliweka gerejini, Hurley akija alione. Walipofika darajani akagundua anaongea peke yake.

"Mama, mbona hivyo? Unaumwa?"

"Coy, ulipogonga uzio nilikutazama."

"Sasa ungeacha kunitazama? Macho hayana pazia."

"Nisikilize. Nilikutazama wewe. Nilisimama, nikawa naomba utoke. Hurley akapita mbele yangu. Nilimsikia akipita. Sikumwona, na sikupiga mstari."

Coy akaendelea kuendesha.

"Nilidhani labda nimepiga bila kujijua," Velda akasema. "Nimekaa pale juu nikijaribu kukumbuka. Sikupiga. Walipokuwa wanakubeba nilitaka kupiga kelele na sauti haikutoka. Nimekunyang'anya, Coy. Mimi mwenyewe. Nisingekutazama, ungejua mapema kwamba umeshindwa, na ungeshindwa kama unavyoshindwa siku zote. Sasa nimekupa halafu nakunyang'anya." Akaanza kulia, yeye ambaye hakulia hata siku anazika mama yake.

Siwezi kukudanganya kwamba Coy alikuwa malaika. Aliendesha maili nzima, na katika maili ile alifikiria mengi. Hakuna ajuaye ila huyu, na huyu ni wangu. Nikimwomba anyamaze, atanyamaza, na hatanisamehe wala hatajisamehe. Hurley ana kumi na saba, ya kumi na nane ataipeleka wapi? Baba kanishika uso leo. Yote hayo aliyafikiria, na alikuwa na hasira, tena hasira nyingi, na hakujua amkasirikie nani.

Kisha akakanyaga breki, akageuza gari katikati ya barabara.

"Kamata kombe hilo lisidondoke," akasema. "Si letu."

Watu walikuwa bado pale uwanjani, wanakula. Coy alitoka dirishani, akamtoa mkewe, akaenda mpaka mbele ya Mzee Womack akaweka kombe mezani, na bahasha ya zawadi juu yake. Velda akasema mwenyewe, kwa sauti ya kusikika, kwamba mzunguko wa sitini na moja hakuuhesabu, na kwa nini hakuuhesabu.

Hakuna aliyecheka. Hurley alilichukua kombe, akaligeuzageuza. Mwishowe akasema, "Hata hivyo, fundi, leo ulinipeleka mbio." Mzee Garland yeye aligeuka akaenda kukaa ndani ya lori lake peke yake. Hilo ndilo lililomuuma Coy kuliko yote.

Jumatatu asubuhi Velda alimkuta mumewe gerejini anakata tundu kwenye sakafu ya gari, upande wa mbele wa kulia.

"Tafuta mtu mwingine wa kuhesabu," alimwambia. "Mimi sirudi pale juu."

"Kwa nini?"

"Nitakutazama tena. Ukigonga nitatazama. Siwezi kujizuia."

"Basi sitagonga." Akamwonyesha. Juu ya tundu aliweka kifuniko cha bati, na kwenye kifuniko mnyororo. Ukivuta mnyororo katikati ya mbio, kifuniko kinainuka, unaona kwa jicho lako tairi limelika kiasi gani. Mpira ukianza kuonyesha nyuzi nyeupe, unajua umebakiwa na nini. "Mimi nitalitazama tairi. Wewe umtazame Hurley. Kila mtu na kazi yake."

"Coy, na kama ukigonga?"

"Nimekwambia sitagonga."

Velda aliinama, akavuta mnyororo, akachungulia tundu. "Haya. Lakini na mimi nakuapia. Sitakutazama hata kidogo. Hata nikisikia umekufa."

"Nikifa utaambiwa," Coy akasema, na akaendelea kupiga tupa.

Msimu ule akawa wa nne, wa tatu, wa tatu tena. Watu wakasema bahati huja mara moja, na yeye aliirudisha kwa mkono wake, mjinga yule. Asiyekubali kushindwa si mshindani, wakamwambia. Alikubali. Kila Jumamosi alikubali kushindwa, na kila Jumatatu alifungua injini upya. Msimu uliofuata, mwezi wa Juni, alijipanga tena ubavuni mwa Hurley Pruitt.

Mizunguko themanini walikimbizana. Coy aliwahi kutuambia kwamba kila alipopita kwenye lori la wahesabu alipenyeza jicho upande ule, na mara zote aliona kisogo cha mkewe. Kisogo na kofia ya ukindu. Uso ulikuwa umeelekezwa alipo Hurley, popote alipokuwa. Kwenye mzunguko wa themanini na moja akavuta mnyororo. Nyuzi nyeupe mbili. Akapunguza mwendo, akashuka upande wa ndani wa kona ambako udongo ulikuwa laini, akamwacha Hurley apite. Watu wakaguna. Mikono ya spana hiyo, si mnaona? Mizunguko miwili baadaye tairi la Hurley likapasuka, akaenda kubadilisha, na Coy akapita polepole kama mtu anayepeleka mayai sokoni.

Mzunguko uliofuata, Hurley akiwa bado kwa mafundi, gari moja likageuka mbele ya Coy. Vumbi likafunika kila kitu. Watu wakasimama wote wakipiga kelele, "Sizemore! Jamani, Sizemore!" Odessa, ambaye kazi yake ilikuwa kumhesabia Coy, akapiga ukelele, "Mungu wangu, ameingia!" Baadaye alisimulia kwamba Velda alikuwa anatetemeka mwili mzima mpaka benchi likawa linatetemeka, midomo inaomba, na macho yako kule kwa mafundi, kwenye ishirini na mbili, kama yamegongomelewa msumari. Hakugeuka. Hurley akatoka, akapita, akapigiwa mstari wake.

Coy alitokea upande wa pili wa vumbi, magurudumu mawili juu ya majani. Uzio hakuugusa.

Kadi zikasema: arobaini na moja, mia. Ishirini na mbili, tisini na tisa. Mzee Womack akamtazama Velda. Velda akasema, "Tisini na tisa. Naapa." Hurley mwenyewe ndiye aliyekuwa wa kwanza kumbeba Coy mabegani. "Nimembeba fundi," akawa anapiga kelele, "na kumbe ni mzito, shetani huyu!" Mzee Garland alilia hadharani bila kujificha.

Coy alishindana miaka mingine minne, na hakushinda tena. Hakujali. Kombe lile Velda aliliwekea unga wa mahindi, maana alisema haoni faida ya chombo kilichokaa bure.

Lakini siku ile ile ya ushindi, watu walipokwisha kuondoka na jua bado liko juu ya mahindi, Coy alimkuta mkewe anakung'uta vumbi kwenye gauni.

"Uliniona?" akamwuliza. "Nilivyotoka kwenye vumbi lile, uliniona?"

"Sikukuona."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo, Coy. Nilikuapia." Akaanza kuuma mdomo. "Umeshinda mara moja katika maisha yako, na mimi ndiye mtu pekee ambaye hakukuona."

Coy akavua kofia, akajikuna kichwa. Kisha akamshika mkono, akampandisha tena juu ya lori, akamkalisha kwenye benchi lake, akampa penseli na kadi isiyoandikwa. Akaenda akaingia kwa dirishani, akawasha, akazunguka uwanja mtupu mara moja, polepole, tairi limebaki nyuzi. Velda alimtazama kuanzia kona ya kwanza mpaka ya nne, na alipopita mbele yake, akapiga mstari mmoja.